Almasi Isiyo na Jasho: Kubadili Hali ya Mchezo Kunatufundisha Nini?

 

 Leo tunashika swali ambalo vijana wanaocheza Minecraft pamoja, kuanzia Kimara Baruti mpaka Temboni, wanaliuliza sana: "Frateri, ukiwa kwenye Survival, ukahamia Creative kidogo tu, ukachukua almasi zako, ukarudi, hiyo nayo ni dhambi?" Wengi wanaliuliza wakicheka. Mimi naomba tusilicheke tu. Ndani yake kuna swali kubwa: kama kuna njia ya kupata kitu bila kukihangaikia, kwa nini nihangaike? Hilo si swali la gemu peke yake. Ni swali la kila kijana aliyemaliza shule na bado anatafuta pa kuanzia.

Basi twende hatua kwa hatua.

1. Tuelewe kwanza jambo lenyewe

Minecraft ilianza kuonekana mwaka 2009, kazi ya Msweden Markus Persson, na toleo lake rasmi likatoka Novemba 2011. Mwaka 2014 Microsoft wakainunua kwa dola bilioni 2.5. Kufikia Oktoba 2023 ilitangazwa kwamba nakala zaidi ya milioni 300 zimeshauzwa. Kwa hiyo mzazi akikwambia "hako kamchezo ka watoto", mwambie kwa heshima kwamba kamchezo hako kana wachezaji wengi kuliko watu wa nchi nyingi.

Mchezo huu unaendeshwa kwa hali mbalimbali. Hali ya mchezo ndiyo inayoamua wewe ni nani ndani ya ile dunia.

Survival ni hali ya kuhangaika. Una mioyo kumi ya uhai na mapaja kumi ya kuku yanayoonyesha shibe. Unakata mti kwa mkono, unatengeneza sururu, unachimba, unalima, unapika. Usiku ukiingia bila kitanda wala nyumba, mazombi yanakufuata. Ukifa, vitu vyako vinaanguka pale ulipofia, nawe unarudi ulipolala mara ya mwisho mikono mitupu.

Creative ni hali ya uumbaji. Kila kitu kipo, tena hakiishi. Unapaa, huoni njaa, huumii. Unavunja jiwe kwa kuligusa tu.

Adventure ni hali ya kucheza kwenye ramani iliyotengenezwa na mwingine. Huwezi kuvunja vitu ovyo ovyo, unafuata njia uliyowekewa.

Spectator ni hali ya mtazamaji. Unapita ukutani, unaona kila kitu cha kila mtu, lakini hugusi chochote na hakuna kinachokugusa.

Hardcore ni Survival ambayo haina kurudi. Ugumu umefungwa juu kabisa, na ukifa umekufa. Kilichobaki ni kuitazama ile dunia kama mtazamaji, au kutoka.

2. Kubadili kunavyofanyika

Kwenye kompyuta, dunia iliyoruhusiwa amri unaandika tu /gamemode creative, umeshahama. Ukitaka kurudi, /gamemode survival. Wengine wanatumia F3 na F4 kwa pamoja. Kama dunia ilianzishwa bila ruhusa ya amri, wajanja wanajua mlango wa nyuma: unaifungua dunia kwa mtandao wa nyumbani, unaruhusu amri kwa muda huo, unafanya yako.

Kwenye simu ni tofauti kidogo. Ukiwasha chiti, mchezo wenyewe unakuonya kabla: mafanikio hayatahesabiwa tena katika dunia hii. Ukikubali, hata ukizima chiti baadaye, hesabu hairudi. Kumbuka jambo hili, tutalihitaji mbele.

Kwenye seva ya wengi, amri iko mikononi mwa msimamizi. Yeye anaweza kujibadilisha au kumbadilisha mwingine. Na hapa pana jambo ambalo wengi hawalijui: taarifa kwamba msimamizi amebadili hali ya mtu huwafikia wasimamizi wenzake. Wachezaji wa kawaida hawaoni kitu. Wao wanaendelea kuchimba.

Halafu kuna modi, zile nyongeza zinazotengenezwa na watu wa nje na kuwekwa kupitia Forge au Fabric. Modi inaweza kukuongezea kiu, baridi, wanyama wapya, mashine, hata njia ya kupaa ukiwa bado Survival. Kwa hiyo katika dunia yenye modi mpaka kati ya "nimehangaika" na "nimepewa" unakuwa mwembamba sana. Ushauri wa bure: nakili folda ya dunia yako kabla ya kugusa modi yoyote, kwa sababu ukiiondoa modi, vitu vyake vyote vilivyojengwa vinapotea.

Sasa shikeni jambo hili moja, ndilo kiini cha somo. Ukihama kutoka Creative kurudi Survival, mfuko wako hausafishwi. Ulivyochukua kule unarudi navyo huku. Na almasi uliyoichukua Creative haina alama yoyote. Ukiiweka kando ya almasi iliyochimbwa chini kabisa kwa saa nzima, zimefanana.

3. Je, ni dhambi?

Mwalimu wangu wa falsafa alikuwa na msemo darasani: kabla ya kujibu, tenganisha. Basi tutenganishe hali tatu.

Kwanza, unacheza peke yako. Dunia ni yako, umechoka, umepoteza vitu vyako vyote kwenye lava, ukaamua kujirudishia. Umemdhulumu nani? Hakuna. Umemdanganya nani? Hakuna. Swali lililobaki ni la busara: bado utaufurahia mchezo? Wengi wanaojipa kila kitu wanaiacha dunia yao baada ya siku mbili. Hakuna tena cha kutafuta.

Mwanafalsafa Bernard Suits, katika kitabu chake cha mwaka 1978 kuhusu michezo, alieleza sababu yake. Kwa kifupi, anasema kucheza ni kukubali kwa hiari yako vikwazo ambavyo ungeweza kuviepuka, kwa sababu bila vikwazo hivyo mchezo wenyewe haupo. Angalia bao la Kiswahili: mashimo 32, kete 64. Ningeweza kuzizoa kete zako zote kwa kiganja na kuziweka upande wangu. Ningekuwa na kete nyingi, sawa. Lakini nisingekuwa nimekufunga bao. Ningekuwa nimezoa kete tu.

Pili, mko wengi na mmekubaliana. Msimamizi anasema, "Jamani, nahamia Creative nijenge uwanja wa mashindano, halafu narudi mikono mitupu." Kila mtu anajua. Hapo hakuna tatizo, ni huduma. Ni kama mtu wa usafi wa kanisa anayepita mpaka altareni siku ya Jumamosi akiwa na ufagio. Anaingia pale kwa ajili ya wote.

Tatu, mko wengi, mmekubaliana Survival, na mmoja anahama kimya kimya. Wenzake wanaingia mgodini usiku na mchana, bando linaisha, umeme unakatika, wanaanza upya. Yeye anatokea na vazi la almasi mwili mzima na kusema, "Nimebahatika tu." Hapa jambo limebadilika. Kuna uongo, na Amri ya Nane inauhusu. Kuna na dhuluma, kwa sababu jasho la wenzake limeshushwa thamani bila wao kujua.

Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 2413, inaligusa jambo hili moja kwa moja. Inafundisha kwamba michezo ya bahati yenyewe si kinyume cha haki, lakini kudanganya katika mchezo ni jambo zito, isipokuwa pale ambapo hasara aliyoipata mwenzako ni ndogo kiasi kwamba yeye mwenyewe hawezi kuiona kuwa kitu. Ona busara ya Mama Kanisa! Hasemi almasi ya gemu itakupeleka motoni. Wala hasemi ni mchezo tu, fanya utakavyo. Anakuuliza umemuumiza nani na kwa kiasi gani. Pale ambapo kuna dau, zawadi au hela ya mashindano, jibu linakuwa zito zaidi.

Na ukisema ni kitu kidogo, Bwana wetu katika Luka 16:10 anafundisha kwamba uaminifu katika jambo dogo ndio unaoonyesha uaminifu katika jambo kubwa. Hakusema kidogo ni kikubwa. Alisema mkono ni ule ule.

4. Kucheza si dhambi

Msije mkatoka hapa mkidhani frateri anapiga vita gemu. Mtakatifu Thoma wa Akwino, katika Summa Theologiae, sehemu ya pili ya sehemu ya pili, swali la 168, anauliza kama kuna fadhila katika michezo, na anajibu kwamba ipo. Roho nayo huchoka kama mwili, na pumziko lake ni furaha. Anatumia simulizi ya zamani kumhusu Mtume Yohane na upinde: upinde unaovutwa muda wote bila kulegezwa utavunjika. Kisha anasema kwamba unaweza kukosea kwa pande mbili, kwa kuzidisha mchezo na kwa kukosa mchezo kabisa. Mtu asiyecheka wala kuwaacha wengine wacheke naye ana kasoro!

Carlo Acutis, aliyezaliwa London mwaka 1991 na kufariki kwa saratani ya damu mwaka 2006 akiwa na miaka 15, alipenda gemu za video kama nyinyi. Mama yake amesimulia kwamba alijiwekea kikomo cha saa moja kwa wiki. Kompyuta hiyo hiyo aliitumia kutengeneza tovuti ya miujiza ya Ekaristi. Papa Leo XIV alimtangaza mtakatifu tarehe 7 Septemba 2025. Hakuitupa kompyuta, ila hakukubali imtawale.

Wala Creative yenyewe si mbaya. Mwaka 2012 shirika la Umoja wa Mataifa la makazi, UN-Habitat, lenye makao makuu Nairobi, lilianza na watengenezaji wa Minecraft mpango unaoitwa Block by Block. Wakazi wa mijini, vijana kwa wazee, walikaa kwenye kompyuta na kuichora kwa Minecraft sehemu yao ya wazi jinsi wanavyotaka iwe. Kibera kulikuwa na uwanja wa Silanga, katikati ya Nairobi kulikuwa na bustani ya Jeevanjee. Wengine hawakuwahi kushika kompyuta kabla. Kwenye skrini, ukuta unasimama kwa kubofya. Baada ya hapo ndipo zikaja simenti, mafundi, vibali na majadiliano marefu. Creative iliwasaidia kuona, lakini kujenga ilibidi wajenge kwa mikono. Ukiweza kuzitofautisha hatua hizo mbili, umeuelewa mpango wa Mungu juu ya ndoto na kazi.

5. Almasi za Creative mtaani kwetu

Sasa tutoke kwenye simu, tutazame nje. Aprili 2017, uhakiki wa vyeti vya watumishi wa umma hapa Tanzania ulitaja watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Fikiria idadi hiyo. Hawa ni watu walioingia Creative, wakachukua cheti, wakarudi Survival. Cheti cha bandia na cha halali vilikuwa vimekaa kwenye mafaili sawasawa kwa miaka, havitofautiani kwa macho. Tofauti ilikuwa ndani ya mtu. Mgonjwa anahitaji muuguzi anayejua dozi. Mwanafunzi anahitaji mwalimu aliyeielewa hesabu mwenyewe. Cheti kinaweza kutoka hewani, ujuzi hauwezi.

Na sisi vijana wa Kimara tunajua jinsi Survival ilivyo. Kuamka saa kumi na nusu kuwahi mwendokasi pale Mwisho. Kupandisha dumu la lita ishirini mlimani siku maji hayatoki. Kutuma maombi ya kazi, kimya. Mtu akiwa katika hali hiyo, anatafuta amri ya kuandika. Mwingine anaiandika kwenye mkeka wa kubeti, kila wiki anasema leo ndo leo. Mwingine anainunua kwenye chupa ya mafuta kwa mhubiri anayeahidi gari kabla ya Desemba. Mwingine, hasa dada zetu, anaambiwa kazi ipo, ila kuna "kitu kidogo" cha mwili wake. Huyu wa mwisho tusimhukumu; anayestahili hukumu ni yule aliyeshika usimamizi wa seva na kuutumia kuwakandamiza wenzake.

Nawaambia kwa upole: sala si amri ya kubadili hali ya mchezo. Ukisali rozari kabla ya mtihani ambao hukuusomea, unamwomba Mama Maria akufanyie chiti. Tunasali ili Mungu awe nasi ndani ya Survival, atupe nguvu, atufumbue macho tuone fursa, atupe na watu wa kutushika mkono. Wakati mwingine anafanya na muujiza. Lakini muujiza ni wa kwake, si kitufe chetu.

6. Yule aliyekuwa na amri zote

Sasa tufike kwenye moyo wa somo. Fungueni Mathayo 4:1-11. Yesu amefunga siku arobaini, ana njaa. Mjaribu anakuja na pendekezo la kwanza: geuza mawe yawe mikate. Kwa lugha yetu ya leo, hama, nenda Creative. Na ajabu ni kwamba Yesu angeweza! Kwako wewe pendekezo hilo ni ndoto, kwake lilikuwa ni neno moja tu. Mjaribu anaendelea: jirushe kutoka juu ya hekalu, hutaumia. Halafu: chukua falme zote bila msalaba. Kila pendekezo linamtaka aishi maisha ya binadamu bila uzito wa binadamu.

Akakataa yote matatu. Paulo anaieleza siri hii katika Wafilipi 2:6-8: aliyekuwa sawa na Mungu hakuung'ang'ania usawa huo, bali alijishusha akawa mtumwa, akatii mpaka kifo cha msalaba. Na pale msalabani walimpigia kelele ile ile: kama wewe ni Mwana wa Mungu, shuka (Mathayo 27:40). Hakushuka.

Kwa nini? Kwa sababu sisi tuko Survival. Angebadili hali, angetuacha peke yetu humu. Waraka kwa Waebrania 4:15 unatufundisha kwamba tunaye Kuhani Mkuu aliyejaribiwa kama sisi katika yote, ila hakutenda dhambi. Njaa aliijua, uchovu aliujua, usaliti wa rafiki aliujua. Kijana unayelala na mawazo usiku, Mungu wako si mtazamaji anayepita ukutani akikuangalia. Aliingia na mwili.

Naomba nisahihishe jambo moja hapa. Kuna vijana wanaufananisha ufufuko na kule kurudi kitandani baada ya kufa kwenye gemu. Hapana. Kwenye gemu unarudi kwenye maisha yale yale, utakufa tena saa hiyo hiyo. Kristo amefufuka wala hafi tena (Warumi 6:9). Na Waebrania 9:27 inatukumbusha kwamba mtu hufa mara moja. Kwa upande huo maisha yetu ni Hardcore, tena hayana nakala kwenye folda. Lakini ndani yake tumewekewa Kitubio. Kumbuka ile dunia ya simu ambayo ukichiti mara moja hesabu haifunguki tena milele. Mungu hayuko hivyo. Zakayo alikuwa na almasi nyingi zisizo na jasho lake. Alipokutana na Yesu hakubaki kulia tu, alirudisha mara nne (Luka 19:8). Toba inayorudisha inafungua upya hesabu ya mtu.

7. Tufanye nini wiki hii

Kama mnacheza pamoja, kaeni mkubaliane sheria kabla ya kuanza: nani msimamizi, lini anaruhusiwa kuhama, na akihama awaambie wote. Kama kuna uliyoyachukua kimya kimya, waambie wenzako na uvirudishe. Utaona aibu dakika tano, urafiki utabaki.

Jiwekee kikomo cha muda, umwambie mtu mmoja wa jumuiya akukumbushe.

Na chagua eneo moja la maisha yako ambako umekaa Spectator: unapita kwenye kurasa za watu, unaona harusi zao, kazi zao, safari zao, wewe hugusi kitu. Ingia. Jisajili VETA, nenda mazoezi ya kwaya, mtembelee mgonjwa wa jumuiya yenu. Utachoka na utakosea, lakini utakuwepo.

Maswali ya kujadili VIWAWA au jumuiyani

1. Kuna jambo gani ulilolipata kwa jasho ambalo usingekubali kulibadilisha na la bure? Kwa nini?
2. Tunawezaje kumsaidia kijana mwenzetu aliyenaswa na kubeti bila kumsema vibaya?
3. Someni Mathayo 4:1-11. Kati ya majaribu matatu, lipi linakufuata zaidi kwa sasa?

Tuombe. Ee Bwana Yesu, uliyekuwa na njaa jangwani ukakataa mkate wa njia ya mkato, utufundishe kuchimba kwa uaminifu pale ulipotuweka. Tukianguka, utuinue. Tukidanganya, utupe ujasiri wa kurudisha. Wabariki vijana wote wanaohangaika kutafuta, wasichoke, wala wasiuze utu wao. Mtakatifu Carlo Acutis, utuombee. Amina.

Tuonane somo lijalo. Niombeeni nami katika malezi.